Mtaro wa Baba Mdogo

Bibi alikuwa atoke hospitali Jumamosi, na daktari alishamkataza kuchuchumaa kwa sababu ya nyonga. Choo chetu ni cha kuchuchumaa, kiko mwisho wa ua. Shangazi alisema kama hatuna choo cha kukaa ndani, atamchukua Bibi akaishi kwake, safari ya siku mbili. Mimi ndiye ninayelala chumba kimoja na Bibi. Sikutaka aende.

Baba mdogo ni fundi cherehani. Alikataa tuite fundi bomba. "Bomba ni kama mkono wa shati," alisema. "Unapima, unakata, unaunga."

Tulichimba siku tatu, yeye na sururu, mimi na koleo, kutoka stoo tuliyoigeuza choo mpaka kwenye shimo la maji machafu. Kila hatua alivua utepe wake shingoni akapima kina. Sentimita hamsini hapa, hamsini pale, hamsini mwisho. Mama akapita na beseni.

"Shemeji, ukimaliza uutie na vifungo."

"Cheka tu, shemeji. Utakuja kuomba zamu."

Tukapaka gundi, tukaunga mabomba. Ijumaa asubuhi akashika koleo ili afukie. Mimi ndiye ninayefua pale uani, na povu langu hukimbilia mlango wa jiko, haliendi shimoni hata siku moja. Ua wenyewe unapanda kuelekea shimoni, na mtaro wa kina kimoja ulikuwa unapanda nao. Tangu jana yake nilikuwa nimeliona hilo, ila kumwambia mkubwa amekosea kwangu ni kazi kuliko kuchimba.

Nikajaza ndoo, nikaimwaga yote kwenye bomba la chooni. Maji yakaingia, yakanyamaza, kisha yakarudi yakalowesha viatu vya baba mdogo.

"Kumeziba wapi?"

"Hakujaziba," nilisema nikitazama chini. "Kule shimoni ni juu."

"Kwa kipimo gani?"

"Cha povu, baba mdogo."

Akakaa ukingoni mwa mtaro akacheka mpaka akajishika mbavu. "Haya, fundi. Nichimbe wapi?"

Tukayatoa mabomba mtaroni. Mwanzoni nilionyesha kwa kidole tu. Kila alipochimba nilimwaga jagi la maji nione yanaelekea wapi. Kufikia alasiri nilikuwa nasema, "Bado, baba mdogo. Shuka tena kidogo," na yeye anashuka. Tukatoboa ukuta wa shimo upya, chini zaidi, tukarudisha mabomba.

Jumamosi Bibi aliingia chooni kabla hata ya kuketi sebuleni. Shangazi, mama, baba mdogo na mimi tukajipanga kando ya mtaro ambao bado ulikuwa wazi, hakuna anayemtazama mwenzake. Maji yakasikika yakipita miguuni petu, yakaenda moja kwa moja, yakatumbukia shimoni.

"Mke mwenzangu," Bibi aliniita kutoka ndani, "niletee sabuni. Na mwambie shangazi yako ashushe mkoba wangu kutoka kwenye gari."