Falaki ya Mwalimu Modesta

Mwaka 1995 kila chumba mjini Mwanza kilikuwa kinatafuta mpangaji. Gereji ziligeuka baa, stoo ziligeuka saluni, na choo kimoja cha zamani kilipakwa rangi kikawa duka la kanda za muziki. Ndiyo maana Mwalimu Modesta hakushangaa sana Mkuu wa Shule, Bwana Mashimba, alipomwita kumwambia kwamba stoo ya jiografia nayo imepata mwekezaji. Mwekezaji mwenyewe alikuwa shemeji yake Mkuu, na alitaka kuonyesha video.

Tatizo ni kwamba stoo hiyo ndiyo iliyohifadhi darubini. Mzungu mmoja mchimba visima aliiacha shuleni alipofunga mradi wake, kwa kuwa katika vitu vyote alivyonadi, kuanzia friji hadi ndoo, ni hiyo tu iliyokosa mtu. Modesta alikuwa amefundisha jiografia miaka kumi na minane bila kuona nyota zaidi ya zile zinazoonwa na kila mtu. Jioni ya kwanza alipoielekeza darubini kusini, kwenye kinyota hafifu jirani na Msalaba wa Kusini, kinyota kile kiligeuka nyota maelfu kwa maelfu, zimerundikana kama dagaa juu ya turubai. Alilia, mtu mzima, wala hakujificha. Tangu hapo alitaka jambo moja tu: wanafunzi wake wote walione kundi lile kwa macho yao.

Alimsihi Mkuu aiache stoo. Mkuu akajibu kwamba zama za kubebana zimepita, sasa kila kitu kijiendeshe. Darubini ikileta watu itabaki, isipoleta itaondoka. Akampa mwezi mmoja.

Basi Modesta akaamua kuleta watu. Alilitafuta jina la fani yake kwenye kamusi akalipata: falaki, elimu ya nyota na sayari. Akaenda Mirongo kwa Shaibu, mchoraji wa mabango, amwandikie: MWALIMU MODESTA, FALAKI, KILA JIONI. Shaibu alimtazama kwa heshima ambayo hakuwahi kumpa, akauliza kama Ijumaa pia atapokea watu, kisha kwa hiari yake akaongeza mchoro wa kiganja cha mkono. Modesta alidhani ni urembo. Kwao Sengerema, falaki lilikuwa neno la kwenye kamusi tu. Hakujua kwamba kwa Waislamu wa mjini kupiga falaki ni kumtazamia mtu nyota yake, ijulikane kama ataolewa, atafilisika au karogwa.

Wa kwanza kuja alikuwa Mastura, mwenye duka la vitenge. Aliweka jicho kwenye darubini.

"Yangu ni ipi hapo, mwalimu?"

Modesta akamweleza kwamba hilo ni kundi, lina nyota zaidi ya milioni, na hakuna hata moja iliyo ya mtu. Mastura akatikisa kichwa taratibu. Alisema sasa ameelewa kwa nini biashara ni ngumu, kumbe wanabanana namna ile. Kesho yake akaja na mashoga zake tisa.

Wiki mbili baadaye foleni ilifika getini. Walikuja wachuuzi wa sangara, makarani waliopunguzwa kazi, na wagombea udiwani wa vyama vitatu, wote wakiomba wapitishwe mlango wa nyuma. Modesta alimwambia kila mmoja ukweli, na kila mmoja aliondoka na kile kile alichokuja nacho. Alipoeleza kwamba mwanga ule umesafiri zaidi ya miaka elfu kumi na tano kufika Mwanza, mgombea mmoja alishusha pumzi, akasema basi matokeo yalishapangwa zamani. Hata hivyo nusu saa ya kwanza ilikuwa ya wanafunzi, na kwa ajili ya hiyo aliyavumilia mengine yote.

Siku ya mwisho ya mwezi alikuja Mkuu mwenyewe, ndani ya kaunda suti. Alikuwa anatafuta cheo, na mji mzima ulijua. Nyuma yake alisimama shemeji na utepe wa kupimia. Mkuu akainama, akachungulia.

"Mwalimu, nyota yangu inang'aa?"

Modesta alifungua kinywa aseme yale yale ya siku zote. Akamwona shemeji anapima upana wa mlango.

"Inang'aa, Mkuu," alisema. "Hapo hakuna inayoizidi."

Shemeji akaambiwa atafute chumba kingine.

Mwezi wa nane Bwana Mashimba alipata cheo alichokitaka, huko Nansio, kisiwani. Wenye kujua mambo walisema aliyemteua alisoma naye darasa moja, lakini yeye hakutaka kusikia habari hizo. Aliamini amepandishwa na darubini, na hakuna mwenye akili anayekiacha nyuma chombo kinachompandisha. Aliipakia kwenye meli pamoja na magodoro yake. Modesta alibaki na stoo tupu, akijilaani kwa ulimi wake.

Mwezi wa kumi na moja ikaja barua. Bwana Mashimba aliandika kwamba nyota yake imepotea, anatazama kusini kila jioni haoni kitu, na maadui wameanza kumcheka. Modesta alimjibu kwa kurasa nne zenye michoro, akaeleza jinsi dunia inavyolizunguka jua, na kwamba kundi lile siku hizo linapita angani mchana pamoja na jua, litaonekana tena jioni za mwezi wa nne. Lilikuwa somo zuri kuliko yote aliyowahi kuandaa. Alipolisoma upya akaona wazi kwamba Mashimba akielewa atasubiri, na darubini itasubiri naye huko huko. Akazichana zile kurasa. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga.

"Mheshimiwa," aliandika upya, "nyota yako haijapotea. Imerudi Mwanza ilikozoea. Irudishe darubini upesi, kabla mwingine hajaiwahi."

Darubini ilirudi na meli ya Alhamisi, imeviringishwa blanketi. Modesta alifurahi, akaona aibu, akafurahi tena. Ndani ya blanketi mlikuwa na kikaratasi. Bwana Mashimba alishukuru, akaarifu kwamba Ijumaa jioni angefika na wakubwa wenzake watatu, na kila mmoja alitaka kuonyeshwa yake.

Kundi la kusini halikuwapo. Lakini Kilimia kilikuwa kinachomoza mapema upande wa mashariki, nyota sita au saba kwa macho matupu, na kwenye darubini nyingine kadhaa za akiba. Zingewatosha. Jioni hiyo hiyo ya Alhamisi, wanafunzi waliokuwa wameshapanga mstari mlangoni aliwaambia warudi Jumatatu. Kisha akafunga mlango, akachukua karatasi na kuanza kuwagawia wakubwa wa kesho nyota.