Mwogeleaji Aliyeguswa

Vumbi lilikuwa limetanda Riyadh tangu juzi. Lilipotulia, Damaris alitoka na wavu wenye mpini mrefu kuopoa majani kwenye bwawa la bosi wake, mtaani Malaz. Bwawani alikuwamo mwanamke wa Kizungu akiogelea. Alivaa vazi jeusi la sufu lililomfika magotini, na mwili mzima alikuwa amejipaka mafuta mazito. Damaris alisubiri apite, akaopoa, akasubiri tena.

Madam alipotoka alitaka kujua jambo moja tu. "Muulize, hayo mafuta ni ya nguruwe?"

"Ya kondoo," yule mwanamke alijibu bila kusimama.

"Halas, basi," madam akasema, akarudi ndani kwenye ubaridi.

Mwogeleaji aliitwa Hannah. Kiswahili alikuwa amejifunza kwa akina dada wa Kenya, maana katika mabwawa yote aliyopitia ni wao tu waliomsemesha. Alizaliwa Uingereza, binti wa mfua nguo, akajifunzia kuogelea kwenye mfereji nyuma ya kiwanda. Alishinda mashindano ya wanawake, akapewa birika. Akashinda tena, akapewa birika lingine. Siku alipowashinda wanaume, waamuzi walisema saa zao zilikuwa zimesimama. Mwaka 1911 aliingia bahari iliyo kati ya Uingereza na Ufaransa. Sheria ilikuwa asiguswe na mtu wala mashua hadi akanyage nchi kavu. Hata supu alipewa kwenye ncha ya mti mrefu. Alikuwa ameshawaona watu wa Ufaransa wamesimama ufukweni, kocha wake alipoinama kutoka kwenye mashua akamshika mkono.

"Alisema ni kwa usalama wangu," Hannah alisema. "Aki, nilikuwa nimebakisha kidogo tu."

"Sasa ukafanyaje?"

"Yule Hannah aliyetolewa majini alirudi kwao, akaolewa, akazeeka, akazikwa. Mimi niliyebaki majini sikuwa nimefika, so nikaendelea. Maji ndiyo hunipeleka. Sichagui."

Damaris aliona hapo hakuna la kubishia. Tangu siku hiyo akawa anampelekea chai na mkate kwa ule wavu.

Yeye mwenyewe mkataba wake ulikuwa umeisha mwaka uliopita. Kwao Nyamira alimwacha binti yake, Lois, akinyonya. Sasa Lois alikuwa anaongea, na aliyeitwa mama ni Priscilla, dada yake Damaris. Hilo lilimuuma kuliko kazi, kuliko matusi. Kila alipoomba viza ya kutoka, baba mwenye nyumba alimwambia baada ya Ramadhani, na Ramadhani zilikuja zikapita. Pasipoti ilikaa kwenye sefu. Baba alisema ni kwa usalama wake.

"Nipeleke kwetu," Damaris alimwambia Hannah.

"Siwezi kukubeba. Tukigusana imeisha. Lakini naeza kukufunza."

Bwawani Damaris hakuruhusiwa kuingia, kwa hiyo alifunzwa nchi kavu, kama Hannah alivyofunzwa enzi zake. Alilala kifudifudi juu ya stuli kwenye chumba cha kufulia, akapiga mikono na miguu hewani, huku Hannah akimsahihisha kutoka bwawani, kupitia dirisha, kila alipopita. Baada ya wiki chache sakafu chini ya stuli ilianza kulowa. Damaris akawa anapiga deki mara mbili.

Shule zilipofungwa, familia ilihamia Jeddah, kwenye nyumba ya kukodi kando ya bahari. Hannah alifika kabla yao. Asubuhi moja Damaris aliinjika chai, akatoka na gauni lake la kazi na aproni, akaingia majini.

"Kwenu ni kusini," Hannah alisema. "Afrika iweke mkono wa kulia."

Wakaenda. Nyumba ikadidimia nyuma yao hadi ikawa kama kopo la majani ya chai. Damaris alicheka kwa sauti, chumvi ikamwingia mdomoni, akaendelea kucheka.

Baba aliamka akakuta chai imekauka sufuriani. Alitazama baharini. Hakupaza sauti, alimwita tu Ephraim, dereva, mzaliwa wa kisiwa cha Rusinga aliyeyajua maji. "Yalla, mlete." Pasipoti ya Ephraim nayo ilikuwa kwenye sefu ile ile. Akamfuata Damaris majini hadi akamfikia.

"Usiniguse, Ephraim! Nakuomba kwa Mungu, usiniguse!"

"Dadangu, utakufa bure. Nisamehe." Akamshika mkono. Hannah hakugeuka kutazama.

Waliporudi Riyadh, baba alisema kwamba kwa usalama wake Damaris hatapelekwa Jeddah tena. Bwawani sasa waliokuwa wakiogelea walikuwa wawili. Madam aliwatazama kidogo akaona kasoro. "Mwambie huyo wa pili avue aproni. Inatoa nyuzi."

Damaris aliziopoa zile nyuzi. Alipokuwa akizikung'uta, simu ililia. Alikuwa Priscilla, naye akampa mtoto aongee.

"Anti," Lois alisema, "utakuja lini?"

Damaris alitazama majini. Alijiona akifika mwisho wa bwawa, akigeuka kabla ya kugusa ukuta, akianza tena.

"Niko njiani," akamwambia, na hakuwa anadanganya.

Madam aliita kutoka ndani. Damaris akaenda.