Siku Niliyofika Mapema

Wakalenjin wote wa Missouri City, hapa Texas, walijua kwamba mwanangu Sheldon atakuwa mkimbiaji. Miguu alikuwa nayo. Yeye akachagua besiboli, mchezo ambao mtu husubiri saa tatu ili akimbie hatua thelathini. Ukizaa Texas, kubali ya Texas.

Akasajiliwa na timu ndogo ya kulipwa huko Dallas. Alicheza mechi tisa tu, kisha barua ikaja: kikosi chake cha jeshi la akiba kinatakiwa vitani. Mama yake, Jeptoo, aliona saba. Mimi sikuona hata moja. Kutoka kwetu hadi Dallas ni mwendo wa saa nne, nami, nisiwafiche, ni mtu wa kuchelewa. Nilichelewa harusi yangu mwenyewe. Mara tatu nilifika uwanjani nikakuta wanafagia maganda ya karanga. Sheldon ananikumbatia: "It's okay, Dad." Haikuwa okay. Miezi kumi aliyokuwa vitani, kila simu ilipolia moyo ulinipasuka, nikakumbuka zile mechi tisa.

Alirudi hai, Mungu asifiwe, ila bega moja lilikuwa limekwisha. Daktari akasema mpira basi. Timu yake ikampa heshima ya mkataba wa siku moja: avae jezi, apige, aage. Nikaapa kwamba mechi hii siikosi, hata kwa kutambaa.

Sasa, sisi Wakenya tukialikana, hakuna anayetaja saa ya kweli. Mwenye shughuli hutoa saa ya uongo ili watu wafike saa ya haki. Mechi ilikuwa saa moja jioni. Sheldon akamwambia mama yake saa kumi na moja. Jeptoo, kabla ya kwenda zamu hospitalini, akamwambia Gaudence, katibu wa kanisa, saa tisa. Gaudence, anayetujua sote, akatangaza kwenye WhatsApp saa sita mchana. Wenzangu wote wakapiga hesabu zao kimya kimya. Mimi, kwa mara ya kwanza maishani, nikaamini tangazo.

Saa tano na nusu nilikuwa nagonga geti la uwanja lililofungwa. Sheldon akatoka mbio, rangi imemtoka.

"Dad! Nani amekufa?"

"Hakuna. Nimekuja game."

"Game ni jioni!"

"Basi nitangoja."

Akaniingiza. Viti elfu tano, mimi na chupa yangu ya chai. Kocha akaanza kumrushia mipira ya mazoezi. Wa kwanza akaukosa. Wa pili pia. "Angalia mpira!" nikampigia kelele, utadhani najua kitu. Wa tatu ulilia kama ukuni mkavu unaopasuliwa, ukavuka ukuta, ukaenda zake barabarani. Nilisimama nikapiga mayowe peke yangu, chai yote ikamwagika. Nililia pia, wala sioni haya.

"Hiyo ni practice tu, Dad. It doesn't count."

"Mimi nimehesabu."

Saa kumi na mbili anga likawa jeusi, kisha ikaja mvua ya mawe inayotoboa mabati. Mechi ikafutwa. Wenye tiketi waliambiwa warudi kesho, lakini mkataba wa Sheldon haukuwa na kesho. Tukakaa ndani ya gari langu, yeye na jezi yake iliyolowa, akitazama mikono yake.

Saa mbili kasoro robo, gari la kanisa likaingia likinyunyiza maji. Jeptoo akashuka na sare zake za unesi, nyuma yake Gaudence na sufuria ya chapati.

"Tumewahi?" akauliza Gaudence. "Ameshapiga?"

Nikateremsha kioo. Nilikuwa nimesubiri kulisema neno hili miaka yangu yote hamsini na nane.

"Amepiga, mpira umevuka ukuta," nikasema kwa ukali. "Lakini nyinyi watu, mtajifunza lini kufika mapema?"

Sheldon akacheka mpaka akashika lile bega bovu. Tangu arudi kutoka vitani, nilikuwa sijamsikia akicheka.