Ukuta wa Msumari

Vumbi la mbao halina adabu. Mama Povu, dobi, alikuwa ndiyo kwanza ameanika mashuka ya nyumba ya wageni, meupe pe, mara jirani yake seremala, waliyemwita Msumari, akaanza kupiga msasa. Upepo ukamalizia.

"Kaka, subiri basi yakauke!"

"Kwani upepo nimeuajiri mimi? Kauambie wenyewe, dada."

Akayafua upya. Kesho yake vumbi tena, na msimamizi wa nyumba ya wageni akamwambia wazi: likija shuka moja lingine chafu, kazi inakwenda kwa dobi mwingine. Na kazi hiyo ndiyo iliyowalisha wanawe.

Mama Povu akapandwa na mori, akamwaga beseni zima la maji ya sabuni juu ya mbao za Msumari. Msumari akafungulia redio mpaka mabati yakatetemeka. Mama Povu akawasha pasi ya mkaa kwa majani mabichi, moshi ukawakohoza wateja wa jamaa. Watoto wakakatazwa kusalimiana. Uani kote watu wakagawanyika kama mashabiki wa mpira.

Msumari akaona isiwe tabu. Akajenga ukuta wa mbao mpakani, mrefu kupita mapaa.

"Sasa anika gizani!" akatamba.

Kweli, kivuli kikazimeza kamba zote. Mama Povu akakaa chini, shavu mkononi, machozi yakimlengalenga. Kisha akautazama vizuri ule ukuta, na machozi yakaahirishwa.

Fundi ni fundi hata akikasirika. Upande laini Msumari aliugeuzia kwake, wateja waone kazi. Nguzo na mbao za kukingama akamwachia jirani: ngazi kamili, tena ya bure! Mama Povu akajifunga kibwebwe, akapanda, akavuta kamba kutoka juu ya ukuta hadi kwenye paa lake.

"We mama! Shuka kwenye ukuta wangu!"

"Nguzo zimesimama kwangu, kaka. Nikung'olee?"

Huko juu jua lilikuwa lake peke yake. Vumbi nalo likagonga ukuta, likarudi kwa mwenyewe, likatua juu ya viti vyenye vanishi mbichi. Msimamizi alipokuja, akayapapasa mashuka, akayanusa, akamwongezea na mapazia.

Jioni Msumari akaja, mpole kama maji ya mtungini.

"Jirani, tuuvunje tu. Nitapiga msasa ukishaanua."

"Uvunjwe? Thubutu! Nimeshauzoea," akasema Mama Povu, vibanio mdomoni. "Ila viti vyako naona vimeota manyoya. Vilete nivifue."

Aliyeanza kucheka, ng'ambo ya ukuta, ni mke wa Msumari.