Kabichi Nyekundu na Kijiko cha Magadi

Mimi sina ugomvi na Denmark. Ugomvi wangu ni na mwanangu Arnold, aliyenipigia simu kutoka Njiro kuniambia, kwa sauti ya mtu anayeagiza simenti, kwamba mkewe amekuwa mnyonge tangu Desemba ianze. Anakumbuka Krismasi ya kwao. Wameanza kuongea habari za kuhamia huko jumla, pamoja na mtoto. Mtoto mwenyewe ni Catherine, mjukuu wangu wa pekee, ambaye ndiyo kwanza amejua kuniita bibi.

Nikamuuliza huko kwao Krismasi wanakula nini cha ajabu. Akasema kabichi nyekundu.

Mjukuu wangu anaondoka kwa sababu ya kabichi. Nikamwambia amlete mkewe huku mlimani siku ya mkesha, maana wenzetu hao mkesha ndio sikukuu yenyewe, na kabichi ataikuta.

Sokoni Tengeru nikaambiwa nyekundu hakuna, kuna ya zambarau. Nilibishana na muuzaji mpaka wenzake wakaja kusikiliza. Nikampigia Arnold, akasema hiyohiyo ya zambarau ndiyo nyekundu. Nimemsomesha miaka yote ile na rangi hajui.

Mapishi aliyonielekeza yalikuwa matusi. Kabichi unaikatakata nyembamba, unaitia siagi, sukari, juisi ya matufaha na siki, halafu unaiacha motoni saa nzima na zaidi mpaka ilainike kabisa. Kabichi ya kwetu ukigeuka kuchukua chumvi imeshaiva. Sukari nilitia, nikiomba majirani wasipite. Siki nikaiweka pembeni, kwa sababu siki ni ya kachumbari, mtu atajimiminia mezani. Na hiyo saa nzima nikaikataa, kuni sichezei. Kitu kigumu mimi nakilainisha kwa magadi, ndivyo makande yanavyoiva kwetu tangu enzi za mama yangu. Nikatia kijiko, nikafunika, nikaenda kumenya ndizi.

Nilipofunua, kabichi ilikuwa laini sana. Ilikuwa pia ya bluu. Si bluu ya kusingizia, bluu ya sare ya shule, na pembeni inaelekea kijani. Nikakoroga. Ikazidi.

Hapo ndipo gari likaingia uani. Nilitaka kabichi nimpe ng'ombe, nikamwonea huruma ng'ombe. Kirsten, mkwe wangu, akaingia jikoni na mtoto mgongoni, akaniamkia kwa shikamoo yake ile ya kuvutavuta, akachungulia sufuria. Niliona ndege inaruka, na Catherine dirishani, na mimi nabaki kuongea na simu.

Nikamweleza yote, na magadi pia. Hakucheka. Akauliza siki iko wapi, akaimimina. Povu likapanda mpaka ukingoni, tukaruka nyuma wote wawili, na liliposhuka kabichi ilikuwa nyekundu. Nyekundu kweli, hata yule muuzaji wa Tengeru angekubali. Nilimtazama yule binti kwa heshima ambayo sikuwa nayo asubuhi.

Akachota, akaonja. Kwao hawamung'unyi maneno.

"Mama, ina ladha ya sabuni."

"Najua," nikasema, ingawa sikuwa nimeonja.

Akachota tena. Nikampokea mtoto, naye akaendelea kula amesimama, kwa mwiko, machozi yanamtiririka, na mimi sijui nimshike bega au nimwache. Alikula mpaka Arnold akaja kuuliza kama kuna chakula. Ndipo akajifuta uso kwa ncha ya khanga yangu, niliyokuwa nimeivaa, bila hata kuomba.

"Mwakani tukipika hapa," akaniambia, "siki itangulie. Na magadi usitie kabisa."

Nikamwambia sawa. Arnold akafungua mdomo aulize, na Denmark je, nikamtuma akalete kuni.