Fermín na Majina Yake Yote

Mama mwenye mtoto mjuzi wa kila kitu asijisifu mapema. Muulizeni Obdulia Berrueco.

Kijijini kwao, kule juu mkoani Soria, kila mtu ana majina mawili ya ukoo: la baba linatangulia, la mama linafuata. Kaka zake Obdulia walikufa wote bila mtoto. Wa ukoo wa Berrueco akabaki yeye, na mwanawe Fermín Salcedo Berrueco, aliyekuwa Madrid akitunga na kuongoza filamu. Obdulia hakumwomba nyumba wala koti la manyoya. Alitaka jina la baba yake yeye, Berrueco, lionekane mara moja tu kwenye kitambaa cha sinema ya kijiji, watu wakiwa wamekaa, kabla ukumbi haujageuzwa ghala la ngano.

Filamu ya kwanza iliyofika ilikuwa ya farasi na bastola. Obdulia akavaa nguo ya Jumapili, akakaa mbele. Jina lililotokea ni Frank Colby.

"Ndiye mwanao huyo?" akauliza jirani yake Casilda, akitafuna mbegu za alizeti. "Kweli amebadilika."

Simu ya kijiji ilikuwa moja, dukani, na kila aliyekuja kununua chumvi alisikia.

"Fermín, Colby ni nani?"

"Ni mimi, Mama. Nani atanunua filamu ya makauboi iliyotengenezwa na Salcedo? Wanataka Mmarekani."

"Umarekani umeupata wapi? Nilikuzaa kwenye banda la majani, na mkunga alikuwa amelewa."

"Subiri inayofuata, Mama."

Iliyofuata ilikuwa ya wafu wanaonyonya damu, na aliyeitengeneza ni Hans Wolter. Ikaja ya kuchekesha, ya Gino Farelli. Ikaja ya mapenzi na nyimbo, ukumbi mzima ukalia, na Obdulia naye akalia, kwa sababu zake. Kijana aliweza kutisha, aliweza kuchekesha, aliweza kuliza. Kilichomshinda ni kuandika jina ambalo mwalimu alimfundisha akiwa na miaka sita.

"Kwani una watoto wangapi, Obdulia?" Casilda akauliza. "Na wote ni wa baba mmoja?"

Zilipobaki wiki mbili ukumbi ufungwe, Fermín akapiga simu mwenyewe. Ametengeneza filamu ya wachungaji wa kondoo, ya nyumbani kabisa, na ameweka majina yake yote.

"Makubwa kama mikate, Mama. Ndiyo utakayoyaona kwanza."

Obdulia alipita nyumba kwa nyumba akialika watu. Jumapili ukumbi ulijaa, hata padri alikuja. Taa zikazimwa. Kwenye kitambaa wakatokea kondoo wakivuka daraja.

Akangoja. Kondoo wakaendelea kuvuka.

Akainuka, akapanda ngazi hadi chumba cha mashine. Celedonio, mwendesha mashine, alikuwa anakula mkate na soseji.

"Majina yako wapi?"

"Nimeyakata."

"Umeyakata?"

"Yale ya kigeni yalipita upesi, sikuyagusa. Haya mwanao kayaweka dakika mbili nzima, na kengele za kondoo juu yake. Watu wangepiga miguu mpaka sakafu ivunjike."

"Yarudishe."

"Filamu inakwenda, Obdulia. Hairudi."

Celedonio akapekua debe la takataka, akatoa kipande cha filamu chenye urefu wa mkono. Obdulia akafuta mafuta ya soseji kwa shali yake, akakiinua kwenye taa. Jina lilikuwemo, dogo kama sisimizi, limejirudia kwenye kila kijipicha: Fermín Salcedo Berrueco. Miaka yote ile, kwa ajili ya sisimizi.

Chini sauti ya Casilda ikasikika. "Na hii nayo ya nani?"

Obdulia akaingiza kichwa kwenye kidirisha cha ukutani unapopitia mwanga wa mashine. Kondoo wakapotea. Kwenye kitambaa kikatokea kivuli chake, kikubwa kuliko mnara wa kanisa, fundo la nywele likiwa limekaa upande.

"Ni ya Fermín Salcedo Berrueco," akasema kwa sauti yake ya kuitia mbuzi. "Berrueco. Sasa nyamazeni mtazame kondoo."

Jumatatu simu ya dukani ikalia.

"Mama, wameipenda? Sikiliza, sasa nimepata ya wapelelezi, ya Wafaransa. Humo nitaitwa..."

Obdulia akakata simu kabla jina halijatoka, akaomba apimiwe chumvi.