Babu wa Mshairi Anarudi Nyumbani

"Baba Nusrat, na yule mgonjwa wetu alipona?" Mwaija aliuliza bila kufumbua macho.

Bashiru aliweka chini kiatu cha mteja. Tangu hospitali iwaruhusu kurudi nyumbani Mkolani, yeye akiambiwa pembeni kwamba hakuna zaidi la kufanya, alikuwa amehamishia kazi yake ya kushona viatu chumbani, sindano, nta, nyuzi na vyote, asimwache mkewe peke yake.

Mgonjwa mwenyewe alikuwa mshairi wa Kirusi, aliyekufa kabla babu zao hawajazaliwa. Bashiru alimjua vitabuni, alipopelekwa Urusi na kiwanda cha ngozi kusomea kazi. Kiwanda kilikufa, Kirusi kikabaki, na kila jioni alifungua kitabu akamsimulia mkewe kwa Kiswahili. Kosa alilifanya siku alipofika mahali mshairi mwenyewe anapigwa risasi ya tumboni. Mwaija alilia hata chakula kikamshinda, naye Bashiru akaikatiza habari hapo hapo, mshairi akiwa bado hai kitandani. Tangu siku ile, kila Ijumaa Mwaija alimtaja katika dua ya wagonjwa, pamoja na majirani. Na Bashiru, mwoga wa kusema kweli, aliitikia amina.

"Alipona," alisema sasa.

"Alhamdulillahi. Basi ile hadithi ya babu yake aliimaliza. Nisomee mwisho wake."

Hadithi ile, ya babu aliyechukuliwa kutoka Afrika akiwa mtoto akapelekwa Urusi, mshairi aliiachia njiani. Bashiru alifika mstari wa mwisho, akaendelea kusoma pasipo na maneno. Alimtoa babu kwenye theluji, akamvusha bahari, akamtembeza mpaka Misungwi, jirani na Mkolani.

"Kwao kuna anayemngoja?"

"Mama yake."

"Bado yu hai?"

"Yu hai. Yuko mlangoni."

Mwaija alitabasamu. Pumzi zake zilikuwa fupi, zimeachana. Bashiru aliogopa. Babu akishafika nyumbani hadithi imekwisha, naye hakuwa tayari iishe. Hapo soli ya kiatu cha babu ikabanduka.

"Yote?"

"Yote. Itabidi akae aishone."

Akamkalisha kando ya barabara. Akamchagulia uzi, akaupaka nta taratibu, akatoboa tundu, akavuta, akatoboa jingine.

"Anakawia," Mwaija alisema kwa sauti ndogo.

"Ngozi ngumu, Mama Nusrat. Mvumilie."

Hakujibu. Bashiru alifunua ukurasa, akaogopa kuinua macho. Soli ikamalizika. Akamvua babu kiatu cha pili, ambacho hakikuwa na ubovu wowote, akaanza kukifumua.